Kichaka Tu

Kazi yangu ni kutangulia na panga.
Mpima anafuata na chombo chake cha miguu mitatu,
anafumba jicho moja, anapaza sauti, "Fyeka hapo!"
nami nafyeka hapo.
Hivyo ndivyo Nala inavyogeuka kuwa namba.

Leo ni mwezi wa kumi, siku ya tano ya Kitalu F.
Jua limekaa juu ya mawe kama mdai mlangoni.
Minyaa imesinyaa. Mbuzi wa Chilongani
wanalamba vumbi wakidhani ni chumvi.
Kila chenye uhai kimefumba mdomo kikingoja mvua,
isipokuwa hiki,
kikwata,
hakina jani hata moja
na kimechanua.

Sijui nikueleze vipi.
Si ua la kuchuma ukampelekea mtu.
Ni manyoya, ni povu lililogandia kijitini,
rangi ya samli mbichi,
na harufu yake hukufikia kabla hujakiona.
Nyuki wamekijaa. Wametoka wapi?
Kutoka hapa hadi Bahi sijaona maji
ya kulowesha hata ukucha.

Nikainua panga.
Kikanishika.

Miiba yake huota miwili miwili, mifupi, ncha nyeusi,
imepinda kama kucha za mwewe,
yote inatazama shinani.
Kuingia, kinakuacha uingie.
Kutoka ndiyo kesi.
Ukivuta, kinakaza.
Ukivuta tena, umekipa na nyama.

Haya niliyajua nikiwa na miaka saba,
nachunga ndama wa mjomba Sogoda;
nilinaswa adhuhuri, nikalia mpaka sauti ikakatika,
ndama wakarudi nyumbani wenyewe
na ndipo watu wakajua nimepotea.
Alikuja binamu yangu Mbeleje, mikono mitupu.
Akasema, "Usikikimbie. Kisogelee."
Nikasogea. Kikaniachia.
Nimeijaribu njia hiyo kwa wanadamu pia.
Kwa baadhi imekubali.

Basi nikakisogelea, pua yangu kwenye maua,
na mle ndani mlikuwa na wenyeji:
kiota cha chozi kinaning'inia kama soksi iliyosahauliwa,
panzi aliyetundikwa mwibani na mbwigu,
mguu mmoja bado unadai kuruka,
gamba la nyoka, nywele za mbuzi,
gundi iliyochuruzika ikakauka, rangi ya chai ya rangi.
Na chini, katika kivuli kisichomtosha hata kuku na vifaranga,
majani mabichi,
mabichi pekee niliyoyaona Kitalu F chote,
na kobe mdogo
amefunga duka.

"Kuna nini hapo?" mpima akauliza. "Mti?"
Nikajibu, "Kichaka tu."

Tu.
Neno fupi kuliko mwiba,
nalo limefyeka kuliko panga langu:
nyika tu, pori tu,
kwenye njaa tu huko Dodoma,
kibarua tu, mpe elfu saba aende.
Na leo limetoka kinywani mwangu,
mimi niliyeshikwa shati nalo limejaa maua.

Sikukikata. Usinisifu.
Nilipunguza matawi matatu ili jicho la mpima lipite,
tukachimbia bikoni hatua mbili kando,
nikanywa maji yangu, tukasonga mbele.
Mwenye kiwanja ni mtumishi aliyehamishiwa huku.
Ana ramani ya nyumba, nimeiona kwenye simu:
kobe amelala sebuleni.

Usiku huu nimevua shati. Begani lina tundu,
uzi wake wa buluu umebaki kule.
Mvua ikiwahi, kikwata kitavaa majani,
na hutaona kiota wala uzi.
Katapila likiwahi—
nimekaa hapa na sindano, nawaza,
litashikwa wapi?
Katapila halivai shati.